Wanga kwenye sahani ya mgonjwa wa kisukari

Shangazi yangu alipoambiwa ana kisukari aina ya pili, aliacha sukari ya chai siku ileile. Ugali haukuguswa: bonge la mchana, bonge la usiku. Siku moja tulimpima baada ya chakula, ikasoma milimoli 14.6 kwa lita, juu mno. Akakikodolea macho kipimo, akauliza, "Sasa hii sukari imetoka wapi, na chai sijatia hata chembe?"

Ilitoka kwenye ugali. Ugali ni wanga, na wanga ukimeng'enywa huwa glukosi, ile sukari ya kwenye damu. Daktari David Unwin wa Southport, Uingereza, huwapigia wagonjwa wake hesabu hii: gramu 150 za wali mweupe hupandisha sukari ya damu sawa na takriban vijiko 10 vidogo vya sukari. Na gramu 150 kwetu ni wali wa mtoto.

Mwaka 2023 Unwin na wenzake walitoa matokeo ya wagonjwa 186 waliopunguza wanga. Asilimia 51 kisukari chao kilitulia bila dawa. Lakini kinachoninyima usingizi ni mchanganuo wake: waliokuwa na ugonjwa chini ya mwaka mmoja walifika asilimia 77, waliokaa nao zaidi ya miaka 15, asilimia 20. Kliniki ni ileile, ushauri ni uleule. Huku kwetu wangapi hugundulika miguu ikiwa tayari inawaka moto? Na hata aliyewahi kupimwa huambiwa "punguza sukari", akarudi nyumbani kwenye sinia la wali.

Wanaopinga mlo wa kupunguza wanga wana hoja. Wagonjwa wale walijichagulia wenyewe mlo huo, na hakukuwa na kundi la kulinganisha. Utafiti wa Chuo Kikuu cha Stanford, Marekani, wa mwaka 2018, watu 609 kwa miezi 12, haukuona tofauti ya maana ya uzito kati ya waliopunguza mafuta na waliopunguza wanga. Nao utafiti wa DiRECT wa Uingereza ulituliza kisukari kwa asilimia 46 ya waliopewa mlo wake ndani ya mwaka mmoja, kwa vinywaji maalumu vyenye nishati kidogo, ambavyo zaidi ya nusu ya nishati hiyo ilitoka kwenye wanga. Kupungua mwili kuna nguvu yake, nakubali. Ila nani kijijini atashinda na kopo la kinywaji miezi mitatu? Dagaa, mchicha na mayai vinashibisha, na kwa wengi vinapatikana, ingawa yai haliwezi kushindana na unga kwa bei.

Jambo moja halina mjadala: anayechoma insulini au kumeza glibenclamide (kidonge kinachousukuma mwili utoe insulini zaidi) asipunguze wanga kabla ya kuonana na daktari wake. Dozi ikibaki ileile, sukari inaweza kushuka hadi akaanguka.

Shangazi alikwenda, dozi ikarekebishwa. Sasa ugali wake ni wa ukubwa wa ngumi, mchicha umejaa nusu ya sahani. Vipimo anaandika kwenye daftari la mjukuu, kurasa za nyuma. Cha juzi, baada ya chakula cha usiku: 8.1.