Jicho la zamani liko chini ya lava

Anayetaka kuionesha kwenye filamu Goma, mji wa mashariki mwa Kongo, ya kabla lava haijaufunika tarehe 17 Januari 2002, hushawishika haraka na mbinu moja: picha ya zamani ya mtaa inafifia polepole, mtaa wa leo unajitokeza palepale. Mimi naipinga. Inalainisha kitu ambacho Nyiragongo, mlima wa volkano uliomwaga lava hiyo, haukukilainisha.

Piga hesabu. Mpiga picha wa zamani alisimama barabarani, kamera ikiwa mita 1.5 kutoka ardhini. Pale lava ilipolala kwa unene wa mita 2, lenzi yake leo ingekuwa nusu mita ndani ya jiwe. Yako, kwenye tripodi ya urefu uleule, imempita kwa mita 2. Mstari wa upeo hukata kila kitu kwenye kimo cha kamera: kwake ulikata mlango, kwako unapita juu ya mlango. Ndiyo maana picha mbili hizo hazilingani, na anayezilazimisha kwenye kompyuta huishia na kuta zilizopinda.

Kwa hiyo anza na unene. Jengo la ghorofa lililobaki limesimama ndiyo rula yako: mlango wa kawaida una kama mita 2, na ukiona sentimita 40 za juu tu, lava ni mita 1.6 hivi. Lakini angalia kama mlango ulikuwa na ngazi, na kumbuka watu wamesawazisha mawe na kumwaga changarawe. Barabara ya leo siyo mgongo wenyewe wa lava. Penye parseli (kiwanja) inayochimbwa msingi, omba ruhusa ushushe mita ya fundi.

Pa kusimama hupatikana kwa kingo za wima tu, maana vimo vimebadilika. Chagua kwenye picha ya zamani kona ya ukuta iliyogusana na ukingo wa jengo la nyuma yake. Tembea hadi ziguse tena. Tafuta jozi ya pili; kila jozi hukupa mstari mmoja ardhini. Mistari miwili inapokutana ndipo alipokuwa mpiga picha. Lava ikiwa mita 1, shusha lenzi hadi sentimita 50 na umempata. Ikizidi mita 1.5, hapatikani tena, na filamu isijifanye amepatikana.

Jiwe jeusi huidanganya kamera: ikiachwa yenyewe huling'arisha liwe kijivu, na mbingu inaungua, yaani inakuwa nyeupe tupu. Punguza mwanga kwa stopu 1 hadi 1.5 (stopu moja ni nusu ya mwanga) kisha funga mipangilio yote ya kamera kwa mkono, la sivyo shati jeupe likipita, nchi nzima inaingia giza. Piga kabla ya saa mbili asubuhi, jua likiwa la ubavuni. Adhuhuri lava ni doa tu.

Muda? Roli ya filamu ya milimita 16 yenye mita 30, kwa fremu 24 kwa sekunde, huisha kwa dakika 2 na sekunde 45 hivi. Iache yote ikimbie. Sauti za chukudu, yaani baiskeli za mbao za kubebea mizigo, na nyundo za wavunja mawe zirekodi peke yake, kinasa kikiwa kimekingwa na upepo wa ziwa.

Kwenye uhariri, weka picha ya zamani, kisha sekunde chache za giza, kisha ya leo. Mtazamaji apime mwenyewe mlango umekwenda wapi.