Kitambulisho cha Mkenya wa mpakani na usalama wa taifa

Februari 2025, Rais William Ruto akiwa Wajir alitia saini tamko la kuondoa utaratibu maalumu wa kuwapiga msasa wakazi wa kaunti za mpakani wanapoomba kitambulisho cha taifa. Kaskazini Mashariki tamko hilo lilipokewa kwa shangwe, ilhali kwingineko nchini kulizuka hofu kwamba serikali imewafungulia al-Shabaab mlango wa kujipatia uraia wa karatasi. Pande zote mbili zinasema zinatetea usalama wa taifa, na kila upande una hoja ya kweli, ingawa kwa maoni yangu hoja hizo hazina uzito sawa.

Hofu hiyo haikuzuka hewani. Al-Shabaab waliua watu 67 katika jengo la maduka la Westgate, Nairobi, Septemba 2013, 148 katika Chuo Kikuu cha Garissa tarehe 2 Aprili 2015, na 21 katika hoteli ya DusitD2, Nairobi, Januari 2019. Mpaka wa Kenya na Somalia unakaribia urefu wa kilomita 700, sehemu kubwa yake ikiwa nyika isiyo na uzio wala kituo, na koo zilezile zinaishi huku na huku. Mtu wa Mandera na jirani yake wa Bula Hawa, upande wa Somalia, wanazungumza lugha moja, wanaoana na kuuziana mifugo, na hakuna sura wala lafudhi itakayomwonyesha afisa nani ni raia wa nchi ipi. Watoto wengi wa huko huzaliwa nyumbani bila kuandikishwa, kwa hiyo mzee wa ukoo anayemfahamu baba na babu wa mwombaji amekuwa akitegemewa kama daftari la usajili. Wanaoutetea msasa wanauliza: mzee huyo akiondolewa, afisa atategemea nini? Ni swali la haki, kwa kuwa kitambulisho kikishatoka, mwenye nacho anaweza kuomba pasipoti, kufungua akaunti ya benki na kupiga kura.

Hata hivyo, ni lazima tuutazame msasa wenyewe ulivyokuwa. Kijana wa Wajir aliyetimiza miaka 18 alifika mbele ya kamati ya wazee, machifu, maafisa wa usajili, polisi na watu wa ujasusi. Aliulizwa ukoo wake, akatakiwa kuleta vitambulisho vya wazazi na hata vya babu na bibi, na kwa kuwa kamati haikuketi kila siku, pengo moja katika nyaraka lilimrudisha nyumbani kungoja kikao kingine. Mwenzake wa Nyeri alipeleka nakala ya kitambulisho cha mzazi na barua ya chifu, akachukuliwa alama za vidole, akaenda zake. Asiye na kitambulisho hawezi kusajili laini ya simu kwa jina lake, kwa hiyo hana M-Pesa yake. Hawezi kuomba mkopo wa HELB wa masomo. Na basi la kutoka Garissa kwenda Nairobi likisimamishwa kwenye daraja la Mto Tana, abiria wakateremshwa kuonyesha vipande vyao, yeye ndiye atakayebaki kando ya barabara akijieleza.

Jambo hili lina historia nzito. Kaskazini Mashariki, wanakoishi hasa Wakenya Wasomali, ilitawaliwa kwa sheria za hali ya hatari tangu Desemba 1963 hadi 1991. Katikati ya kipindi hicho, Februari 1984, wanaume walikusanywa katika kiwanja cha ndege cha Wagalla, karibu na mji wa Wajir, na wengi wao wakauawa na vikosi vya nchi yao wenyewe. Mwaka 1989 Wakenya Wasomali walitakiwa kusajiliwa upya na kubeba kadi maalumu ambayo jamii nyingine hazikuibeba. Mwananchi wa Wajir anapoambiwa kwamba msasa ni utaratibu wa kawaida wa kiusalama, hayo ndiyo anayoyakumbuka.

Je, msasa huo uliikinga nchi? Mmoja wa wauaji wanne wa Garissa alikuwa Mkenya, mhitimu wa sheria wa Chuo Kikuu cha Nairobi na mtoto wa chifu wa Mandera. Aliyeongoza shambulio la DusitD2 alizaliwa Kenya, baba yake akiwa mwanajeshi. Hakuna kamati ambayo ingewanyima watu hao kitambulisho. Mtoto wa chifu angekuwa wa kwanza kupita. Tena chifu huyo alikuwa amewaarifu wakubwa kwamba mwanawe ametoweka. Taarifa ya namna hiyo, itokayo kwa mzazi mwenye uchungu na mwenye imani kwamba serikali itamsikiliza, ndiyo mali adimu kuliko zote katika vita hivi, na msasa wa kikabila huipoteza kidogo kidogo. Anayedaiwa kila mara athibitishe kuwa ni Mkenya hasukumwi kupiga simu kituo cha polisi usiku anapomwona mgeni kijijini.

Mtetezi wa msasa anaweza kujibu kwamba mifano hiyo inaonyesha tu kuwa msasa hautoshi, wala haithibitishi kwamba haufai. Nakubali, kwa kiasi. Lakini kamati yenye uamuzi wa mwisho juu ya uraia wa mtu ni mahali pazuri pa kudai hongo, ambapo raia maskini huachwa nje na mgeni mwenye fedha akapita. Baada ya Westgate, maafisa kadhaa wa uhamiaji walichukuliwa hatua kwa tuhuma za kutoa hati kwa wageni kinyume cha sheria. Msasa ulikuwapo wakati huo wote.

Katiba, Kifungu cha 238, inataka usalama wa taifa ulindwe kwa kufuata sheria na kuheshimu haki za binadamu, na Kifungu cha 27 kinakataza ubaguzi wa kikabila na wa kidini. Sheria ya usajili wa watu tayari inampa msajili mamlaka ya kudai ushahidi zaidi kutoka kwa mwombaji yeyote anayemtilia shaka. Mamlaka hayo yatumike Garissa, Busia, Namanga na Nairobi kwa kipimo kimoja. Wazee wabaki, lakini wawe mashahidi wanaokula kiapo na kushtakiwa wakidanganya, pasipo kuwa na kura ya kumkubali au kumkataa mtu.

Udhaifu wa tamko la Wajir upo kwingine. Lilikuja miaka miwili na nusu hivi kabla ya uchaguzi wa 2027, na wapinzani wakasema linasaka kura; madai hayo hayafuti haki ya mwombaji, ila tamko la rais ni rahisi kubatilishwa na rais ajaye, na Bunge ndilo linalopaswa kuliweka katika sheria. Tena lipo kundi ambalo tamko pekee haliligusi. Wakati wa ukame, familia za Wakenya maskini ziliingia kambi za Dadaab kupata mgao wa chakula, na watoto wao wakachukuliwa alama za vidole kama wakimbizi. Leo ni watu wazima, na mfumo wa usajili huwakataa pindi wanapoweka kidole kwenye mashine, kamati iwepo au isiwepo. Kuyapitia majina yao moja baada ya jingine na kuwaondoa kwenye orodha ya wakimbizi wale walio raia ni kazi ya Idara ya Usajili na Idara ya Huduma kwa Wakimbizi, na inahitaji bajeti na tarehe ya mwisho.