Msiidharau ngoma ya watalii: maoni yangu baada ya jioni za Tirana

Kuna watu wakisikia "chakula cha asili, ngoma za asili, usafiri umo ndani ya bei" hubinua midomo. Nawajua, maana tunasafiri nao. Kwao kila kinachokatiwa tiketi ni feki. Utamaduni wa kweli uko kijijini kwa bibi mmoja asiye na simu, na wao peke yao ndio watakaomfikia. Ziara za jioni za Tirana, mji mkuu wa Albania, zimeingia kwenye lawama hizo barabara. Nchi yenyewe ina watu wasiofika milioni 3, lakini mwaka 2023 iliingiza wageni zaidi ya milioni 10, kwa hiyo kila wakala sasa ana jioni yake ya kuuza: mnatembezwa katikati ya mji kwa miguu, mnaketishwa mkahawani, mnalishwa, kisha vijana wenye kofia nyeupe za sufu wanaingia kucheza.

Mimi nazitetea, ingawa si kila kipande. Hiyo ngoma inayochekwa ndiyo naiona ina haki kuliko vyote. Kinachoniudhi kiko kwingine kabisa.

Tuanze na saa. Jua likishapoa, Tirana nzima hutoka kutembea tu, matembezi wanayoyaita xhiro: wazee mikono nyuma, kina mama na vigari vya watoto, wasichana waliojipamba wameshikana mikono. Aliyezoea kwenda kupunga upepo Forodhani au Lighthouse ya Mombasa hahitaji kuelezwa. Mgeni anayetembezwa wakati huo anakuta mji umevaa vizuri na una nafasi ya kumtazama naye pia. Uwanja wa Skanderbeg ulikarabatiwa, ukafunguliwa upya mwaka 2017 bila magari, umetandazwa mawe yaliyoletwa kutoka pande mbalimbali wanakoishi Waalbania. Sakafu yake imeinuka kidogo kuelekea katikati, kiasi kwamba unapanda bila kujua, unashtukia unayaona majengo yote ya serikali kwa usawa wa macho. Pembeni yuko Skanderbeg mwenyewe juu ya farasi, yule shujaa aliyewasumbua Waosmani kwa robo karne hadi alipofariki mwaka 1468.

Ugomvi wangu unaanzia hapo hapo uwanjani. Mwongoza watalii ana kama saa moja kabla ya chakula, na ndani ya hiyo saa lazima awapitishe msikitini, mnara wa saa, lile jengo liitwalo Piramidi na mtaa wa Blloku. Basi udikteta wa Enver Hoxha, aliyeishika nchi tangu 1944 hadi kufa kwake 1985, unageuzwa vichekesho vya njiani. Mahandaki ya zege kila kona, hahaha. Ndevu zilipigwa marufuku, hahaha. Haya twendeni, nyama inapoa.

Chukulia Msikiti wa Et'hem Bey. Mnasimamishwa nje, mnaambiwa ulimalizika kujengwa mwanzoni mwa karne ya 19, mnapiga picha, mnaondoka. Mwaka 1967 serikali ilipiga marufuku dini zote, misikiti na makanisa yakafungwa au kubomolewa, na huu ukanusurika kwa kuwa ulihesabiwa jengo la kihistoria. Ijumaa ya tarehe 18 Januari 1991 maelfu ya watu waliingia humo kuswali bila kibali cha mtu, wakati utawala ule ule bado uko madarakani. Ndani kuta na dari zimechorwa miti, maporomoko ya maji na madaraja, kitu ambacho hukioni katika misikiti ya pwani yetu. Sasa hayo utayasema kwa dakika ngapi, huku mtu wa nyuma anauliza choo kiko wapi?

Hatua chache kutoka uwanjani, mkabala na kanisa kuu la Waorthodoksi, kuna Shtëpia e Gjetheve, nyumba ya ghorofa ambayo mimea imeitambaa ukutani hadi kuifunika. Ilijengwa mwaka 1931 iwe kliniki ya uzazi. Baadaye Sigurimi, polisi wa siri wa Hoxha, wakaifanya makao ya kusikiliza simu za watu na kufungua barua zao. Tangu 2017 ni makumbusho, na vile vinasa sauti walivyokuwa wakivificha majumbani mwa watu unaviona mle. Kuitaja nyumba ile kwa kuinyooshea kidole ukiwa mbioni kwenda kula ni afadhali kutoitaja kabisa. Iendee mchana, peke yako. Wanaopanga ziara hizi wangenisikiliza, wangeitoa historia yote ya udikteta kwenye jioni, wakaiuza asubuhi kwa watu walio tayari kunyamaza.

Blloku ndiyo naikubali usiku. Enzi zile ilikuwa mitaa ya vigogo wa chama, mwananchi wa kawaida haruhusiwi kukanyaga. Leo kila mlango ni baa au mkahawa, vijana wanakunywa espreso jirani kabisa na nyumba aliyokuwa akiishi Hoxha. Hapo hakuna haja ya maelezo mengi, kelele zenyewe zinatosha.

Chakula nacho sina neno nacho, ila wasimpe mtu vijisahani kumi na viwili akashindwa kujua alichokula. Vitu viwili vitawatosha. Cha kwanza tavë kosi, ambayo chimbuko lake ni mji wa Elbasan. Nyama ya mwanakondoo inaokwa kwanza na wali kidogo, kisha inamwagiwa mtindi uliopigwa na mayai, siagi na unga, inarudishwa tanurini ndani ya bakuli la udongo mpaka juu iumuke na kupata madoa ya kahawia. Inaletwa mezani bado inatokota pembeni. Ukiivunja kwa kijiko, juu ni laini, chini kuna nyama iliyoachana na mfupa, na ule uchachu wa mtindi unaikata mafuta yake. Cha pili ni fërgesë ya Tirana yenyewe, pilipili hoho na nyanya zilizopikwa na jibini laini liitwalo gjizë, unachovya mkate hadi udongo wa bakuli uonekane. Byrek usiingoje mkahawani. Ile ya dirishani, mtaani, ya spinachi au jibini ndani ya unga mwembamba kama manda za sambusa, iliyotoka tanurini sasa hivi, inaishinda ya kwenye kitambaa cheupe, na ni ya senti chache.

Kwa wasomaji Waislamu: sifa ya nchi kuwa na Waislamu wengi isikupumbaze, uliza nyama kabla ya kuagiza, maana nguruwe pia yumo kwenye menyu nyingi. Raki, pombe yao kali ya zabibu, inaweza kuletwa hata hujaiomba, na kwa mwenyeji ni heshima. Weka mkono kifuani, ushukuru, uombe dhallë, mtindi wa kunywa wenye chumvi. Hakuna atakayenuna. Ila tumia mdomo kusema hapana, usitegemee kichwa, kwa sababu wazee wao hukitikisa wakikubali.

Sasa ngoma. Shutuma ni kwamba vijana wale wameajiriwa, wanacheza ngoma za mikoa ambayo si kwao, na kila ngoma inakatwa dakika tatu. Ni kweli tupu. Lakini walianza lini? Kikundi cha taifa cha nyimbo na ngoma cha Albania kipo tangu miaka ya 1950, na tamasha la taifa la ngoma za jadi lilianza katika ngome ya Gjirokastër mwaka 1968. Vyote viwili vilipanga ngoma za vijijini upya kwa ajili ya jukwaa: mistari ikanyooka, mavazi yakafanana, ulevi ukaondolewa. Wanaocheza mkahawani leo wamerithi jukwaa hilo, na jukwaa limeshadumu kiasi cha kuwa sehemu ya jadi yenyewe.

Na sisi tusijifanye wageni wa jambo hili. Nyerere aliunda Wizara ya Utamaduni mwaka 1962, kikundi cha ngoma cha taifa kikafuata, na watu wake ndio walioizaa kazi ya Chuo cha Sanaa Bagamoyo. Kenya wakaanzisha Bomas mwaka 1971, ambako msanii mmoja alicheza ngoma ya Wagiriama saa tisa na ya Wakikuyu saa tisa na nusu. Wangapi kati yetu tuliozaliwa mjini tuliiona sindimba mara ya kwanza kwenye sherehe ya shule, ikichezwa na watoto ambao si Wamakonde? Hatukuidharau.

Mwaka huo huo wa 1971, tarehe 25 Oktoba, Umoja wa Mataifa ulipitisha kwa kura 76 dhidi ya 35 azimio la kuipa China ya Beijing kiti chake. Lilikuwa likiitwa azimio la Albania, na Tanzania ilikuwa miongoni mwa waliolidhamini. Wajumbe wa Tanzania walicheza mle mle ukumbini kwa furaha, na balozi wetu, Salim Ahmed Salim, kijana wa Zanzibar ambaye hata miaka 30 alikuwa hajafikisha, akasimuliwa kwa hilo miaka na miaka. Wamarekani, waliolipinga azimio lile, hawakusahau. Huwa nawasimulia Waalbania kisa hiki mezani, na wengi hawajawahi kukisikia.

Nirudi mkahawani. Ngoma nzuri ya jioni hizi naipima kwa meza ya jirani. Kama Waalbania wenyewe wamo, wamekuja na bibi na watoto kusherehekea jambo lao, na klarineti ikilia wanaacha uma wanainuka, basi uko mahali panapofaa, hata kama wewe umelipa kwa euro na wao kwa leki. Klarineti iwe ya mtu, isiwe ya spika. Bendi za kusini, ziitwazo saze, huanza na kaba, kilio kirefu cha klarineti na fidla kisichochezeka, huku wenzao wakishikilia sauti moja ya chini. Watu hunyamaza, wengine hufumba macho. Ndipo dufu linapoingia, wao huliita def, na mstari unaanza kujipanga. Nimeona mzee akimbandika mpiga klarineti noti kwenye paji la uso bila mwenzake kukosa hata pumzi moja. Mswahili aliyewahi kutunza kwenye taarabu ataelewa kwamba pale hakuna mtalii aliyefanyiwa maonyesho.

Wakikuita kucheza, nenda, lakini shika mkia wa mstari. Mtu wa mbele, mwenye kitambaa mkononi, ana kazi: ndiye anayezunguka, anayechuchumaa, anayeamua mstari ujikunje vipi. Ipo hata ngoma ya Osman Taka, ambaye hadithi yao husema alihukumiwa kifo zama za Waosmani, akaomba acheze kwanza, akacheza hadi wakamwachia. Kiongozi wa ngoma hiyo hulalia mgongo hadi karibu aguse ardhi, na mwenzake humshikilia kwa kitambaa tu. Mgeni anayekimbilia nafasi hiyo kwa ajili ya video anawaharibia watu starehe yao.

Kwa hiyo kabla ya kulipa, muulize wakala maswali mawili: wenyeji wanakula hapo, na bendi ni ya watu? Akianza kukuelezea uzuri wa mavazi, tafuta mwingine. La tatu ni saa ya kuondoka. Basi dogo la ziara nyingi hurudisha wageni hotelini mapema, wakati familia za meza ya jirani ndiyo kwanza zinaagiza kahawa. Liache liende. Katikati ya Tirana kunatembeleka kwa miguu usiku, na teksi zipo.