Seton hakuweka chupa juu ya ukuta

Jana usiku kaka angu kanitumia voisi ya dakika sita kutoka Tanga, zote anaongelea ukuta. Nyumba yenyewe haijapigwa hata plasta, lenta ndo imekauka juzi, ila yeye ashapiga hesabu ya fensi ya tofali kupita kichwa cha mtu, geti la chuma, juu vipande vya chupa, na hela ikibaki nyaya za umeme. Nimemsikiliza nikiwa kituoni nangoja basi baada ya shifti, hapa Musselburgh, Scotland, karibu na Pinkie, nikacheka peke yangu kama chizi.

Pinkie ni nyumba ya Alexander Seton, mkubwa mmoja wa Scotland aliyezaliwa 1555, siku hizi iko ndani ya shule ya kulipia inaitwa Loretto. Mimi nilimjua kupitia bibi ninayemtunza, mwalimu mstaafu wa Kilatini, hakumbuki kama kanywa chai ila Kilatini kipo chote. Ndo akanitafsiria maneno ambayo Seton aliyaweka kwenye ukuta wa bustani yake: hapa hakuna kitu cha vita, hata cha kujikinga, hakuna handaki wala boma, kuna chemchemi ya maji safi, majani, mabwawa na vizimba vya ndege, ili mgeni apokelewe kwa wema. (Ndiyo, maneno ya kukataa boma yaliandikwa ukutani, nimeliona hilo msinisahihishe.)

Na huyu mtu hakuzaliwa kwenye amani. Hapo hapo Pinkie ndo Waingereza waliwachinja Waskoti tarehe 10 Septemba 1547, miaka minane tu kabla hajazaliwa, na wakubwa wengi walikuwa bado wanaishi kwenye minara ya mawe yenye vitundu vya kupigia bunduki. Yeye alikuwa kasoma Roma, familia ilitaka awe padri, akaishia kwenye sheria, akapitia Ufaransa, akarudi kwao. Alichorudi nacho kakiweka darini: ukumbi mrefu wa Pinkie una dari la mbao limejaa picha na misemo ya Kilatini, na katikati pamechorwa kuba lililo wazi juu, ukiinua kichwa unaona mbingu kumbe ni ubao na rangi.

Halafu mwaka 1613 akaandika kwamba nyumba hii kaijenga si kwa kadiri ya moyo wake, ila kwa kadiri ya mali na kiwanja chake. Nikamwambia bibi, huyu Seton anatutania, mtu ni Chansela wa Scotland toka 1604, ngome ya Fyvie ni yake, na nchi anaiendesha yeye kwa sababu mfalme James alihamia London 1603 akaahidi atakuwa anarudi kila miaka mitatu, akarudi mara moja tu, 1617. Mnaona, si sisi wa ughaibuni tu.

Sasa huku ninapoishi uzio ni vichaka ambavyo mtoto anaruka, lakini miaka saba hii mlango wangu haujagongwa na mtu ambaye hajaleta kifurushi. Kwenda kwa mtu mnapanga wiki mbili kabla, unapewa chai na biskuti mbili, ukimaliza unajiongeza mwenyewe. Nyumbani kuna chupa na mbwa, na bado jirani ashaingia na bakuli kuomba chumvi, shangazi kaja na begi bila kupiga simu, na jogoo anakimbizwa uani. Hivi ule ukuta unamzuia nani? Mwizi anatupia gunia juu ya chupa anapita. Kwa ninavyoona mimi unajengwa ili mtaa ujue humu kuna mtu yuko Ulaya, ndo maana unatangulia hata choo, na sisi tunaotuma hela ndo tumeyaleta haya. Nyumba ya babu yetu ilikuwa na baraza nje, mpita njia anakaa anaomba maji anapewa. Nionyesheni baraza kwenye nyumba ya mtu wa ughaibuni.

Basi nikamrudishia voisi: kaka, achana na fensi, hiyo hela chimbeni kisima, na mbele mniwekee baraza. Kimya usiku kucha. Asubuhi kajibu, "Sawa dada angu, kisima tutachimba. Ila chupa nishakusanya magunia mawili."