Ingemar Lindh na igizo lisilorudiwa

Waongozaji wa tamthilia Jerzy Grotowski nchini Poland na Eugenio Barba nchini Denmark walijenga maonyesho yao juu ya matendo yaliyopangwa, yakakaririwa, yakarudiwa kwa usahihi kila usiku. Mwongozaji Msweden Ingemar Lindh (1945–1997) aliikataa njia hiyo. Mwaka 1971 alianzisha kundi la Institutet för Scenkonst (Taasisi ya Sanaa za Jukwaani) huko Storhögen, Sweden, na mwaka 1984 kundi likahamia Pontremoli, Italia. Alichotafuta ni waigizaji kubuni papo kwa papo, kwa pamoja, mbele ya watazamaji.

Wanaomtetea wana hoja nzito. Tendo likishakaririwa, mkono hujua unakoenda, na mwigizaji huacha kumsikiliza mwenzake. Lindh alitaka uamuzi ubaki wazi hadi dakika ya mwisho.

Lakini watetezi hao husahau alikotoka. Alifundishwa uigizaji bubu na Étienne Decroux jijini Paris, ambako mwili hugawanywa: kichwa, shingo, kifua, kiuno, nyonga. Unalaza kichwa upande, shingo ikiwa imetulia. Kisha shingo inafuata huku kifua kimetulia, na hivyo hivyo hadi chini. Baadaye unarudia kwa kuzungusha, halafu kwa kuinama mbele na nyuma. Wanaoanza hukwama kifuani: kiuno hukifuata na bega hunyanyuka, kwa kuwa misuli hiyo imezoea kufanya kazi pamoja. Kuitenganisha huchukua muda mrefu sana.

Asiye na msingi huo akipewa uhuru, huleta vurugu. Kila mmoja hukimbilia kuonyesha kitu. Wengine huanza kuigana. Na akitokea aliyetulia, mwenzake humvamia kumwokoa, akidhani amekwama.

Kuna na gharama ya riziki. Mwandaaji wa tamasha hununua onyesho analolijua, na mhakiki wa usiku wa pili hana namna ya kupima alichoandika mwenzake wa usiku wa kwanza. Ndiyo maana Lindh anafahamika zaidi kwa watafiti kuliko kwa watazamaji.

Kwetu sisi, Lindh akiwa mtafiti alikuwa sahihi, na kazi yake inastahili kusomwa zaidi ya ilivyo sasa. Tatizo liko kwenye kurithisha. Warsha ya siku tatu inatosha kumwonjesha mtu ule uhuru wa kubuni. Haitoshi kukitenga kifua na kiuno.