Usimbaji fiche wa kuikabili kompyuta ya kwantumu: haraka ina hatari, kusubiri kuna gharama

Mwishoni mwa Julai 2022, Wouter Castryck na Thomas Decru, watafiti wa Chuo Kikuu cha KU Leuven nchini Ubelgiji, walionyesha kwamba SIKE, mfumo wa kubadilishana funguo za siri uliobuniwa mahususi ili kompyuta za kwantumu, yaani zile zinazokokotoa kwa kanuni za fizikia ya chembe ndogo sana, zisiuweze, ulivunjika kwa takriban saa moja kwenye kompyuta ya kawaida. Mapema mwezi huohuo taasisi ya viwango ya Marekani, NIST, ilikuwa imeuvusha hadi duru ya nne ya mchujo wake wa mifumo ya aina hiyo. Walichotumia ni kanuni ya hisabati iliyochapishwa na mwanahisabati Ernst Kani mwaka 1997, ambayo wabunifu wa mfumo hawakuwahi kuihusisha na kazi yao.

Wanaoshauri subira kabla ya kuhamia mifumo mipya huanzia hapo, na hoja yao ina uzito: RSA, mfumo wa usimbaji fiche uliozoeleka, imeshambuliwa tangu miaka ya 1970, ilhali mifumo mipya haijapikika kiasi hicho. Hata hivyo, shambulio la Leuven lilitegemea nukta za ziada, yaani taarifa za kihisabati ambazo SIKE ilizitangaza hadharani. Halikugusa ML-KEM, mfumo mwingine wa kubadilishana funguo unaotumia hesabu za namna nyingine kabisa, ambao NIST iliuidhinisha Agosti 2024.

Kusubiri nako kuna gharama. Mwanahisabati Peter Shor alithibitisha mwaka 1994 kwamba kompyuta ya kwantumu yenye uwezo wa kutosha itaivunja RSA, na anayenasa mawasiliano leo anaweza kuyahifadhi hadi siku hiyo ifike. Usiri wa rekodi ya mgonjwa hauishi baada ya miaka mitano.

Kwa maoni yangu, wanaochanganya mfumo wa zamani na mpya, kama taasisi za usalama za Ujerumani na Ufaransa zinavyopendekeza, wamepima vizuri zaidi, kwa kuwa mshambuliaji hulazimika kuvunja yote miwili. Wapinzani hulalamikia programu kuwa tata zaidi, jambo ambalo ni kweli. Lakini ufunguo wa wazi (ule unaotumwa hadharani) wa ML-KEM-768, toleo mojawapo la ML-KEM, una baiti 1,184, na kuongeza juu yake baiti 32 za X25519, mfumo wa zamani wa kubadilishana funguo, si mzigo.

Saini za kidijitali, zinazothibitisha ujumbe au programu imetoka kwa nani, ni suala jingine, maana saini iliyokwisha kuhakikiwa jana haiharibiki kwa mashine itakayoundwa kesho, hivyo hapo haraka inaweza kupungua, isipokuwa kwa vifaa vitakavyodumu kazini miaka 20 huku ufunguo wa kuhakiki masasisho yake ukiwa umechomwa ndani ya chipu, usiobadilishika.