Lego na kitabu cha maelekezo: mtoto anaongozwa au anafungwa?

Vijitofali sita vya kuchezea vya Lego vya rangi moja, kila kimoja kikiwa na vifundo vinane mgongoni, vinaweza kupachikwa kwa namna 915,103,765. Hesabu hiyo ni ya Søren Eilers, mwanahisabati wa Denmark. Lakini mtoto anayefungua boksi la Lego siku hizi, lenye mamia ya vipande, mara nyingi hukuta pia kitabu cha maelekezo kinachompeleka kwenye umbo moja tu: meli ya angani ya filamu za Star Wars, gari la mashindano, ngome. Wapo wanaosema kitabu hicho kinaua ubunifu. Malalamiko yao yana uzito, ila nadhani lawama wanaielekeza pasipo pake.

Kampuni yenyewe ilijifunza kwa kuiga. Ole Kirk Kristiansen alikuwa seremala katika kijiji cha Billund. Mwaka 1932, mdororo wa uchumi ulipomkausha kazi, akageukia kuchonga vichezeo vya mbao. Jina Lego, la mwaka 1934, linatokana na maneno ya Kidenmaki yenye maana ya "cheza vizuri". Vijitofali vya plastiki vilikuja mwaka 1949, navyo vilifuata vile vya Kiddicraft vya Mwingereza Hilary Fisher Page. Kasoro yake ni kwamba havikushikana vizuri. Mwaka 1958 kampuni, wakati huo chini ya Godtfred, mwana wa Ole Kirk, ikasajili hataza ya kijitofali chenye mirija ndani, na tangu hapo vikashikana imara. Kijitofali cha mwaka huo bado kinapachikana na cha leo. Walichukua kazi ya mwenzao, wakaijua vilivyo, kisha wakaongeza chao.

Ndivyo mtoto anavyojifunza pia. Anayesuka ukili kwa mara ya kwanza hufuata mkono wa bibi yake, na mapambo yake mwenyewe huja baadaye. Kitabu cha maelekezo kinafundisha kuhesabu vifundo, kusoma mchoro, na kuvumilia kipande kinapogoma. Mtoto asiyejua jinsi ukuta unavyoshikana hawezi kubuni nyumba isiyoanguka.

Penye tatizo ni baada ya ukurasa wa mwisho. Mkataba wa Star Wars, uliozaa maboksi yake ya kwanza mwaka 1999, ulifungua njia ya maboksi yanayouza hadithi iliyokwisha kuandikwa. Millennium Falcon ya 2017, meli ya angani ya filamu hizo, ina vipande 7,541, na ilitoka kwa bei ya dola 800 hivi. Nani atakubali mtoto abomoe kitu cha bei hiyo ili ajenge banda la kuku? Kinawekwa kabatini, na mkono unakatazwa kukigusa. Hapo wakosoaji wako sahihi kabisa, na bei inachangia kuliko maelekezo yenyewe.

Wanaoitetea kampuni hutaja umiliki wa familia, nami nawaunga mkono. Ilipopata hasara kubwa mwaka 2003 na 2004, baada ya kujitawanya kwenye biashara nyingi, familia haikuiuza. Ilimkabidhi uongozi Jørgen Vig Knudstorp, mtu wa nje ya ukoo, ikauza viwanja vya burudani vya Legoland na kurudi kwenye kijitofali. Robo ya hisa iko mikononi mwa Lego Foundation, na fedha za taasisi hiyo zimesaidia vituo vya michezo vya BRAC, shirika la maendeleo la Bangladesh, vikiwemo vya Tanzania na Uganda. Huko watoto huchezea vifaa vinavyotengenezwa kwa vitu vya bei ndogo vinavyopatikana palepale. Kwa hiyo taasisi yenyewe inakiri kwa vitendo kwamba ubunifu hauhitaji plastiki ya Billund.

Mwaka 1974 kampuni iliwahi kuweka ndani ya boksi barua kwa wazazi. Iliwaambia kwamba hamu ya kuumba ni ileile kwa wavulana na wasichana, na kwamba la muhimu ni kumpa mtoto vifaa kisha kumwacha ajenge anachopenda. Barua hiyo ingetoshea katika ukurasa mmoja wa kila kitabu cha maelekezo, mara tu baada ya hatua ya mwisho, mtoto anapoinua uso na kuuliza: sasa nijenge nini?